Bi. Snehalata na Vyeti vya Milimani

Tarehe 31 Oktoba 2025 Bi. Snehalata Pattnaik anaaga dawati la kukagua vyeti katika chuo chetu cha udaktari, baada ya utumishi wa miaka thelathini na minne. Mimi nimekaa dawati la jirani kwa miaka ishirini na miwili, na nakiri kwamba miaka yote hiyo nimemwogopa.

Alianza mwaka 1991 akiwa mpiga chapa. Haukupita muda akakabidhiwa vyeti vya utambulisho vya wanaoomba nafasi za masomo zilizotengwa: watu wa makabila ya milimani, wa matabaka yaliyobaguliwa, na wenye ulemavu. Kila cheti kina muhuri wake wa serikali, na vyote vina siku moja ya mwisho ya kupokelewa, saa kumi na moja jioni. Ikipita saa hiyo, nafasi isiyo na mwenyewe hupewa wengine wasio wa makundi hayo.

Upendeleo hakuujua. Mkuu wa chuo mmoja wa zamani aliwahi kumletea cheti cha mpwa wake kilichokwisha muda siku tatu nyuma. "Bi. Snehalata, huyu ni mtoto wangu kabisa," akamwambia. "Hongera, mkuu," akajibiwa, "sasa alete cha mwaka huu." Mkuu aliondoka akicheka, ingawa si sana. Na bado droo ya mama huyohuyo ilikuwa na gundi ya picha zilizobanduka, na miwani ya kuwaazima wazazi waliosahau ya kwao.

Jambo moja ameniruhusu nilieleze. Mwaka 2008 sikukuu ya Kihindu ya kukokota magari ya mbao ya mungu wetu, Bwana Jagannath, iliangukia Ijumaa, na siku ya mwisho ya vyeti ikawa Jumatatu. Dibakar Sabar, kijana wa Wasaora, kabila mojawapo la milima ya Gajapati, aliteremka Ijumaa hiyo kufuata muhuri, akakuta ofisi ya serikali imefungwa kwa sikukuu. Aliupata Jumatatu, akadandia basi, akafika dirishani kwetu akiwa amechelewa dakika tisa. Bi. Snehalata alimkatalia, kwa sababu kanuni ilisema hivyo. Dibakar alikunja cheti chake, akasema tu, "Haya, mama." Nafasi ikaenda kwa mwingine, na Bi. Snehalata hakugusa chai siku mbili.

Mei iliyofuata alichukua likizo, akapanda basi kwenda kumtafuta. Alimkuta anafundisha shule ya msingi. Alipoanza kuomba radhi, Dibakar alimkatiza: "Mama, radhi yako itanisaidia nini? Hapa wako kumi na wawili wanaotaka udaktari. Kaa uwaambie cheti gani, muhuri gani, na ofisi inafungwa lini." Akakaa siku tatu, akila wali uliolazwa majini usiku kucha, chakula cha huko, na kuandika orodha ukutani kwa chaki. Tangu hapo amerudi kila Mei, kwenye jua lile la kuunguza utosi, bila kutumwa na mtu. Mimi nilimwambia anajitafutia malaria. Aliipata kweli, mara mbili, na mara zote mbili alinikataza kusema nilimwonya.

Agosti mwaka huu, siku ya mwisho, nafasi zote kumi na nane za makabila ya milimani zilikuwa zimepata wenyewe kabla ya saa tisa alasiri. Sikuwahi kuliona jambo hilo tangu niajiriwe. Hata hivyo hakuondoka dirishani. Saa kumi na moja ilipogonga alinituma nje nikaangalie kama yupo aliyechelewa. Hapakuwa na mtu. Akampigia simu Dibakar, akamwambia wote kumi na wanane wamepata. Simu ilikuwa kwenye spika, nasi tukamsikia Dibakar: "Basi sasa pumzika, mama." Hapo ndipo tulipomwona Bi. Snehalata analia, mbele yetu sote, bila kujificha.

Sisi wenzako tunakushukuru, mama, kwa ukali wako na kwa moyo wako. Tunakuombea afya, usingizi mzuri, na jioni nyingi zisizo na foleni. Neno la kukuaga limekwisha kusemwa na mwenye haki ya kulisema, nasi hatuna la kuongeza.