Mama Subiri na Kichwa Kilichosukwa Nusu

Ijumaa hii, tarehe thelathini, Mama Subiri anakabidhi funguo za kabati la mafaili baada ya miaka thelathini na mmoja ya kuwa karani wa madai katika ofisi yetu ya mawakili. Familia zilizopoteza watu wao barabarani zilianzia kwake kabla ya kumwona wakili yeyote. Nimeombwa niandike mimi, ninayepokea wageni na kudeki ofisi, kwa sababu meza yangu ya mapokezi inatazamana na mlango wake, na mlango wenyewe haufungiki vizuri. Pale kalamu itakapoteleza, mtanivumilia.

Jina la Mama Subiri alibandikwa na watu wa bima. Familia huja hapa na kalamu tayari mkononi, zimeshaambiwa zipokee kidogo kilichopo na kusaini, maana marehemu hakuwa na kazi ya maana. Yeye huwavutia kiti upande wake wa meza, huwamiminia chai, halafu husema, "Subiri. Usisaini. Kwanza niambie, akiamka asubuhi alikuwa anakwenda wapi?" Kwake yeye, kazi ya marehemu ipo, ni suala la kutoka kwenda kuitafuta. Tukimwona amevaa raba tunajua leo hapatikani.

Kuna mwaka alikaa kutwa nzima kwenye kigoda cha marehemu fundi viatu, ili awaone wateja wake na kuwaomba ushahidi. Wateja aliwapata, tena wazuri. Tatizo ni kwamba alipokea na viatu vyao. Tulizunguka na mifuko kutafuta fundi wa kuvishona, na wakili mkuu akajikuta analipia soli za watu asiowajua. Mpaka leo akiona kiatu kimeachama anamtazama Mama Subiri kwa jicho la pembeni.

Ila kazi ambayo sisi hatutaisahau ni ya msusi.

Alikuja bibi mmoja na mjukuu wake wa kike. Binti yake, mama wa huyo mtoto, aligongwa na lori akivuka barabara mbele ya nyumba yao. Alikuwa akisuka watu nywele barazani, na kazi hiyo ndiyo iliyokuwa ikiwalisha wote watatu. Watu wa bima walisema marehemu hakuwa na kazi, alikuwa katika matembezi yake tu, kwa hiyo watarudisha gharama za mazishi na yaishe. Ndugu wa upande wa baba nao walishatamka: bibi akishindwa, mtoto wanamchukua, na wao wanaishi mbali. Bibi akisaini, madai yamekufa na mjukuu anaondoka. Alikuwa amechoka, alitaka kusaini.

Wakati wanazungumza, mtoto alikaa chini na dekio langu akazisuka nyuzi zake zote, mistari imenyooka. Sikudeki siku hiyo. Mimi nina mwanangu mdogo, aliyejifunza kutambaa chini ya meza ya Mama Subiri, na sikuwa na roho ya kuzifumua.

Mama Subiri akauliza swali lake: siku ile alikuwa anamsuka nani? Bibi akakumbuka. Alikuwepo mteja mgeni, kichwa kimefika nusu. Nywele za kuunganishia zikaisha, binti akavuka kwenda kununua bunda jingine. Watu waliporudi kutoka barabarani walikokwenda kumlilia, kigoda cha mteja kilikuwa kitupu. Jina la mteja hakuna aliyelijua.

"Hakuna mwanamke atakayekaa na nusu kichwa," Mama Subiri akasema. "Kuna mtu kammalizia." Akavaa raba.

Alipita kwa wasusi wa mji mzima. Lakini msusi hazungumzi na mtu aliyemzibia mlango. Kaa kwanza, usukwe, maneno baadaye. Basi mama wa watu, na mvi zake fupi, akawa anaingia kazini kila mara na kichwa kipya. Wakili mkuu alimkaribisha siku moja kama mteja mgeni. Dereva wetu akawa anamwita Bibi Harusi. Mzee wake nyumbani, tulivyosikia, aliuliza kwa upole kama kuna posa imeletwa ambayo yeye hajaambiwa.

Nyuma ya kituo cha mabasi akampata msusi aliyekumbuka. Upande mmoja wa kichwa, alisema, mistari ilikuwa myembamba, imekazwa, si ya mkono wake, na alipouliza nani alianza, mteja alilia mpaka kichwa kikaisha. Mteja huyo ni mhudumu wa mgahawa, mtaa wa pili.

Mhudumu alikataa kuja mahakamani. Ni yeye aliyeomba nywele ziwe ndefu zaidi, ndiyo maana bunda halikutosha. Alikuwa akijiona yeye ndiye aliyeua. Likizo ya mwisho ya Mama Subiri ilikuwa imeshaanza, ofisini hakuna aliyemdai kitu, lakini kila asubuhi alikuwa mgahawani anakunywa chai asiyoitaka. Mwishowe alimwambia, "Mwanangu, aliyemgonga ni dereva. Wewe uliomba nywele. Sasa yule aliyekuwa anakusuka wanasema hakuwa na kazi. Utawaacha waseme hivyo?"

Mhudumu alikuja. Alisimama mbele ya hakimu akaeleza alikaa wapi, alisukwa na nani, na msusi wake alitoka kwenda kununua nini. Baada yake wakaja wateja wengine, baraza zima.

Hukumu ilisomwa mwezi uliopita. Fidia imetolewa ya kumlea mtoto mpaka awe mtu mzima, na anabaki kwa bibi yake. Tulirukaruka wote isipokuwa bibi. Yeye alimshika Mama Subiri mkono akamwomba wakili asome tena ile sehemu ya juu, inayosema marehemu alikuwa nani. Wakili akasoma: marehemu alikuwa msusi, na alifariki akiwa kazini. Bibi akasema, "Haya. Sasa twendeni."

Mama Subiri, asante kwa chai, kwa kiti ulichokivuta upande wako, na kwa kutufundisha kutoka nje. Jumatatu ijayo inakuja familia ya marehemu fundi baiskeli, nayo imeshapewa karatasi ya kusaini. Tumekwisha kuulizia wapi alikuwa akitandika vifaa vyake, na raba tumenunua. Wewe pumzika na mzee wako, ufumue nywele, uwe na maisha marefu yenye amani. Kazi tunayo sisi.