Chumvi ya Baba: Maisha ya Gedion Muchangi Njura

Tunamshukuru Mungu aliyetupa baba yetu, Gedion Muchangi Njura. Alizaliwa tarehe 9 Aprili 1952 karibu na Gachoka, mtoto wa nne wa marehemu Njura na Kagure.

Alisoma shule ya msingi hapa nyumbani hadi darasa la saba, mwaka wa 1968. Hakuendelea mbele, lakini Biblia yake aliisoma mpaka jalada likabanduka.

Mwaka wa 1971 aliajiriwa katika bucha mjini Embu, na mwaka wa 1986 akafungua hoteli yake ya nyama ya nguruwe mtaa wa Dallas. Nyama aliilaza kwanza kwenye ndoo ya maji ya chumvi hadi kesho yake. Kupima maji, alitumbukiza yai bichi. "Likielea, maji yamekubali," alisema. Ikitoka humo, nyama haikuongezwa chumvi tena. Watu walimwita kupikia harusi hadi Siakago na Runyenjes.

Tarehe 15 Desemba 1979 alifunga ndoa kanisani na mama yetu, Gladys Ruguru. Walijaliwa watoto wawili: mimi Oscar, ninayewasomea, na Peninah.

Tarehe 2 Desemba 2017 wakwe walifika kutoka Kinoru kuleta mahari ya Peninah. Baba alikuwa amelaza nyama, akaniachia kuichoma ili aketi na wageni. Mnakumbuka siku hiyo. Mzee Mithika, mmoja wa wakwe, alitafuna kidogo, akaomba maji. "Mkwe, huyu nguruwe mlimfuga baharini?" Watu walicheka. Baba alisimama akasema, "Nisameheni. Kipimo kilinipita. Ni uzee."

Kipimo hakikumpita. Aliniambia nisiongeze chumvi, nami nikaona nyama imekaa bure, kama isiyo na ladha, mbele ya wakwe, nikaipaka viganja viwili vya chumvi. Tangu siku hiyo hakuitwa tena kupikia harusi. Mwaka wa 2019 alifunga hoteli. Mimi nilinyamaza miaka minane, na kila Jumapili nilikaa karibu naye kanisani.

Alianza kuugua figo mwaka wa 2024. Daktari alimkataza chumvi. Siku moja nikimlisha supu hospitalini, Embu, aliniangalia akasema, "Oscar, hii ungeipika wewe, ingekuwa na ladha." Nikajua kwamba alijua tangu mwanzo. Nilicheka tu. Sikumwomba msamaha. Alituaga Alhamisi, tarehe 15 Januari 2026, asubuhi.

Mzee Mithika, na nyote mliokula siku ile, kosa lilikuwa langu. Baba yangu alijua kazi yake. Naomba Mungu anisamehe, kwa kuwa baba mwenyewe sitamfikia tena.

Ameacha mjane, Gladys Ruguru, watoto Oscar na Peninah, mkwe Munene, wajukuu watatu, na dada yake, Lenah.

Baba, pumzika kwa amani. Lawama hiyo niachie mimi.