Korongo wa Felisita Hajachorwa Miguu

Wasikilizaji wapendwa, leo kiti hiki cha utangazaji hakikaliki. Felisita Kaneza hatunaye tena. Alizaliwa Mbuba, Ngara, akaolewa Runazi, Biharamulo. Felisita Kaneza, mtu wa kwanza huku kwetu kuchora ndege na kufuatilia maisha yao. Tunamzika kesho.

Alichora kwenye kuta za nyumba yake mwenyewe. Mkaa, majivu, udongo mwekundu. Alianza na mbawa. Miguu ilikuja mwisho. Watoto wa shule walijifunza pale: huyu mdiria, huchimba shimo ukingoni mwa mto. Huyu hondohondo, mkewe hujifungia ndani ya mti, naye humletea chakula.

Kutulia hakujua. Jirani yake, Avelina, alimkuta siku moja amelala kifudifudi kwenye matope ya bondeni, akivizia ndege.

"Mama Suzana, maharage yako yanaungua!"

"Epua, wewe! Maharage hayaruki."

Kila kiangazi alisiriba kuta zote upya kwa udongo, ndege wakafunikwa. Ukimuuliza, alijibu: "Wa mwaka jana wameshaondoka." Kisha anachora wengine.

Sasa hapo ndipo roho yangu haitulii. Desturi yetu mnaijua: penye msiba, majirani huisiriba nyumba kabla wageni hawajafika. Jana nilikuta akina mama na ndoo za udongo. Kuta tatu zimekwisha. Umebaki mmoja, wenye korongo mwenye taji, kazi yake ya mwisho.

"Malizeni," alisema mumewe, mzee Privatus. "Mke wangu haagwi kwenye nyumba chafu."

"Baba, ndege si uchafu," alisema binti yao, Suzana.

"Mbona mwenyewe alikuwa anawafuta?"

"Alifuta, akachora tena. Safari hii nani atachora?"

Mzee alivuta kiti, akaegemea ukuta ule. "Haya, njooni. Anayetaka kusiriba hapa, anisiribe na mimi."

Avelina alicheka huku analia. Ndoo zikawekwa chini.

Lakini kesho mzee atakwenda makaburini, na kiti kitabaki kitupu. Nanyi wa Nyantakara na Mbuba mtafika alfajiri, na udongo wenu, kwa nia njema.

Pole sana mzee Privatus. Pole Suzana. Poleni ndugu zake wa Ngara. Nasi tujiulize: hawa wanaotua juu ya paa zetu kila asubuhi, tunawajua?

Njooni na ndoo zenu, ila ukuta ule muuache. Korongo wa Felisita hajachorwa miguu. Bado yuko angani.