Pezi, Muogeleaji Aliyetaka Kujua Alichomezeshwa

Ndugu, majirani na nyote mliofika kumsindikiza mwenzetu, mimi ni mjomba wa marehemu, mdogo wake mama yake, na familia imenituma niwasomee maisha yake, ambayo mengine alinisimulia mwenyewe akiwa kitandani, akaniagiza, "Mjomba, usinipambe, na tusilolijua useme hatulijui."

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Machi 1984 katika hospitali ya wilaya, mtoto pekee wa dada yangu, mfuaji wa nguo hotelini, na shemeji yangu, fundi viatu. Chumba cha kufulia kilikuwa nyuma ya bwawa la kuogelea, chenye mvuke wa pasi na marundo ya taulo, na humo ndimo alimokulia, mpaka siku moja akiwa na miaka minne akateleza majini wakati mama yake akiokota taulo, na walipomkimbilia wakamkuta ameshika ukingo anacheka, ndipo wanawake wa kufua wakambandika jina la Pezi, likamganda.

Alianza shule ya msingi Januari 1991, akawa msomaji mzuri ila wa hisabati taabani, na mwalimu wake alizoea kusema kwamba hesabu za mtoto huyu zinazama, mwenyewe anaelea. Mwaka 1993 mwalimu wa kuogelea wa klabu iliyokuwa ikifanya mazoezi pale hotelini alimwona, akamfuata dada yangu, akamwambia, "Mama, huyu nipe mimi," na dada yangu akamjibu, "Kukupa sikupi, kukuazima nitakuazima."

Agosti 1995, akiwa na miaka kumi na mmoja, Pezi alisafiri ng'ambo kwenye mashindano ya kimataifa, akapangwa na wasichana waliomzidi kimo na umri, akaogelea chali na kurudi na medali ya fedha, na hapo ndipo shaka ilipoanza kumwandama. Waamuzi wa kule walisema huyu si mtoto, wakampiga picha mifupa ya kiganja ili wajue umri wake, na hata mtaani kwetu wapo walionong'ona kwamba tumempunguza miaka. Dada yangu alisema, "Nimemzaa mimi, wao wanakwenda kuuliza mkono," lakini mkono nao ulisema vilevile alivyosema mama, wakamwacha.

Wakati watu wakishuku umri wake, kitu cha kushukiwa kilikuwa kwingine, nasi hatukukiona. Mwaka 1996 mwalimu alianza kumpa kidonge cha manjano kila baada ya mazoezi ya asubuhi, akikitoa kwenye kopo lisilo na maandishi, na waliopewa ni wale tu waliotarajiwa kusafiri. Shemeji yangu alipouliza, akajibiwa, "Mzee, hizo ni vitamini, mtoto anayefanya mazoezi namna hii lazima alishwe." Mabega ya Pezi yakapanuka, sauti ikawa nzito hata waliopiga simu wakamwita kaka, na mwaka 1997 na 1998 akaleta medali mbili za dhahabu, nyumba ikajaa wageni, na nani angeuliza tena habari za kopo?

Aliyeuliza ni yeye mwenyewe. Akiwa na miaka kumi na minne, kambini ng'ambo, baada ya dhahabu ile ya pili na kabla ya shindano lake lililofuata, alikificha kidonge chini ya ulimi, akampelekea daktari wa timu, akasema, "Daktari, naomba uniambie hiki ni nini." Daktari alikigeuzageuza, akamwambia, "Niachie, nitakujibu kesho." Kesho yake kidonge kilikuwa kimepotea, na keshokutwa jina lake likaondolewa, redio ikatangaza kwamba ameumia bega. Bega lile alirudi nalo nyumbani, akanibebea mtungi wa gesi mpaka ghorofani bila kupumzika. Hakuitwa tena.

Alimaliza sekondari, akasomea ualimu, na kuanzia Januari 2004 alifundisha watoto wadogo katika bwawa la manispaa, ambako hakuna aliyeruhusiwa kumtia mtoto kitu mdomoni bila mzazi kujua, na wenzake walimtania kwa sababu hata peremende aliigeuza kwanza asome karatasi yake. Alipochumbiwa na fundi wa majokofu alimwambia afungue soda mbele yake, naye fundi akafungua, akasema, "Basi nianze kunywa mimi," wakafunga ndoa tarehe 12 Septemba 2009. Mtoto alichelewa, wakatibiwa muda mrefu, na Mei 2013 wakajaliwa binti yao mmoja, huyu aliyekaa karibu na baba yake.

Oktoba 2022 macho yake yaligeuka manjano, akakutwa na uvimbe kwenye ini. Bingwa alituuliza marehemu alimeza dawa gani utotoni, tukamtajia kidonge cha manjano, jina lake hatukulijua. Madaktari hawakusema ni vile vidonge, nami sisemi hivyo, walisema tu kwamba uvimbe wa namna ile kwa mwanamke wa umri wake, asiyegusa pombe, huwafanya waulize.

Aprili mwaka huu wa 2023 mwalimu wake alikuja wodini na mfuko wa machungwa. Pezi aliwaomba wote watoke, mimi nibaki, kisha akamwuliza, "Mwalimu, nilishinda mimi, au ilishinda ile dawa?"

Mwalimu alitazama dirisha, akasema, "Ile ya fedha ulishinda wewe."

"Na zile mbili za dhahabu?"

"Pumzika, mwanangu," akasema, akaondoka.

Pezi akanigeukia, akaniambia, "Umesikia, mjomba, amejibu," kisha akaongeza, "Ila hata hiyo ya fedha sijui kama nimwamini."

Alifariki alfajiri ya tarehe 2 Juni 2023, mkono wake ukiwa mkononi mwa mumewe, akiwa na umri wa miaka thelathini na tisa.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia bila kumchoka, majirani waliopika na kufua kwetu, na walimu wenzake wa bwawani waliochanga damu. Tunamshukuru pia mwalimu wake wa zamani, ambaye yuko hapa, ameomba kusema machache, na familia imeomba asiseme. Juzi alipokuja kutupa pole alimshika binti wa marehemu mabega, akayapima kama fundi apimavyo nguo, akamwambia baba yake, "Msiba ukiisha, mlete bwawani." Mkwe wetu hakumjibu siku ile, amenituma nimjibu leo mbele yenu, kwamba mtoto haendi, na kwamba nyinyi wenye watoto kwake, jioni hii mkifika nyumbani, waulizeni wanapewa nini baada ya mazoezi.

Pezi, mpwa wangu, umeuliza vya kutosha, lala sasa, kuuliza tutauliza sisi.