Borghild Lauvmo na Kinamasi Alichomwachia Mumewe

Marehemu Borghild Lauvmo alizaliwa tarehe 9 Machi 1949, katika chumba cha kaskazini cha nyumba ya Lauvmo, Namdalen, mtoto wa kwanza wa Peder na Jorunn. Chumba hicho mkikumbuke.

Alisoma shule ya msingi miaka saba, 1956 hadi 1963, kisha shule ya upishi kwa msimu mmoja wa baridi, ambako alifundishwa kuchemsha viazi alivyokuwa akivichemsha tangu ana miaka sita. Alifanya kazi kiwanda cha jibini miaka thelathini na mmoja. Alichelewa siku moja tu, daraja liliposombwa na mafuriko.

Tarehe 15 Juni 1974 alifunga ndoa na Oddvar Rengård, wakajaliwa Eilif na Turid. Kila Agosti Borghild alipanda mlimani kuchuma molte, yale matunda ya manjano ya kinamasini ambayo huku kwetu mtu hamwonyeshi hata padri yanakoota. Oddvar alifuatana naye mpaka ng'ambo ya ziwa, akalalamikia magoti, akakaa juu ya jiwe kula mkate. Borghild aliuzunguka mlima peke yake, akarudi na ndoo mbili zimejaa. Mjini Oddvar alitamba: "Nimechuma!" Miaka yote ile hakuuliza mkewe anapotelea wapi. Alidhani anainama tu nyuma ya vichaka.

Mwaka 2008 Oddvar aliondoka, eti anakwenda kujitafuta. Alijipata upesi, Trondheim, kwa mama mmoja muuza taa. Kisha akadai nyumba ya Lauvmo, ambayo hakuwahi kuipigilia hata msumari, iuzwe wagawane. Borghild alisema jambo moja tu: alizaliwa mle, na atafia mle.

Tarehe 11 Februari 2009 mahakama iliwaita kwenye usuluhishi kabla ya kesi kusikilizwa. Mke chumba hiki, mume chumba kile, na mama jaji akienda na kurudi kati yao. Mdogo wa marehemu, Synnøve, anayesoma wasifu huu, alikaa naye.

Saa nane mchana jaji aliingia na ramani. "Bwana Oddvar anakubali nyumba ibaki kwako. Lakini anataka kinamasi cha molte. Ule ni msitu wa serikali, si mali yenu, ila unaweza kuahidi kutokanyaga pale alipotia alama."

Borghild akatazama. Alama ilikuwa kwenye jiwe la mkate.

"Pale?" akafunika uso kwa leso. "Jamani, pale hapana! Achukue gari, achukue mashua. Pale asipaguse!"

"Dada, unalia?" Synnøve akamnong'oneza.

"Nyamaza, mjinga wewe. Nikifunua uso tumekwisha."

Jaji alikwenda na kurudi mara tatu. Saa kumi Borghild alitia saini, na jaji akawapongeza kwa moyo wao wa kusikilizana. Marehemu hakusema uongo. Hakuna aliyemuuliza kama pale pana molte. Na ahadi aliishika: hakukanyaga pale tena maisha yake yote.

Mwaka 2021 alianza kuugua kongosho. Mwezi Agosti mwaka huu Oddvar alikuja kumjulia hali, buti zina tope mpaka magotini.

"Borghild, mwaka wa kumi na tano huu, sipati hata tunda moja. Ni baridi inayoua maua, au?"

"Baridi, Oddvar. Baridi mbaya sana."

"Nilijua tu!" akasema, akanywa kahawa yake.

Borghild alifariki tarehe 3 Septemba 2023, alfajiri, katika chumba cha kaskazini, dirisha likiwa wazi kama alivyopenda.

Ameacha watoto wawili, wajukuu watano, na mdogo wake Synnøve, aliyeonyeshwa njia ya kuuzunguka mlima. Ameacha pia aliyekuwa mumewe, yule pale kiti cha tatu, ambaye sasa ameelewa.

Baada ya maziko karibuni ukumbini kwa kahawa na molte na krimu. Oddvar naye akaribie, zipo za kumtosha. Asiulize tu zimetoka wapi.

Pumzika, dada. Nyumba ni yako.