Hyasinta Nyangi na Barua za Kibara

Bi. Hyasinta Nyangi anastaafu leo, tarehe 30 Juni 2025, baada ya kuitumikia ofisi yetu ya mawakili hapa Musoma kwa miaka thelathini na mmoja. Aliajiriwa asubuhi moja ya Julai 1994 kama karani wa kupeleka hati. Asubuhi hiyohiyo aliajiriwa pia mwandishi wa maneno haya, mwenye cheti cha upigaji chapa, tena cha daraja la kwanza. Cheti hicho hakuna mteja aliyewahi kukiulizia.

Wateja walimuulizia Hyasinta. Watu wa Butiama walimletea viazi vitamu. Maombi ya kukaza hukumu, yaani ya kumlazimisha aliyeshindwa kesi alipe, niliyachapa mimi, bila kosa, lakini shukrani zilipita mlangoni kwangu zikaenda kwake. Nilimwonea wivu, na sioni haya kusema, maana mwenyewe anajua na hunicheka. Wahenga walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Nimengoja miaka yote hii, halijatiwa tone.

Mwaka 2009 mwenye basi mmoja wa Bunda alimkwepa miezi miwili. Hyasinta akaenda kukaa kwa kinyozi wa mtu huyo, akangoja. Bwana yule alipokea hati ya mahakama akiwa na povu nusu uso.

Lakini kazi yake kubwa ni Yuliana Makongoro wa Kibara, aliyepoteza mguu katika ajali ya basi mwaka 2014. Mahakama iliamuru alipwe fidia mwaka 2017. Hajalipwa mpaka leo. Kampuni ya bima hudai kwanza barua ya mtendaji wa kata kuthibitisha kwamba Yuliana yu hai. Barua hudumu miezi mitatu; majibu ya kampuni huchukua minne. Basi kila barua ilipokaribia kuisha, Hyasinta alikwenda Kibara, akamsindikiza Yuliana na magongo yake hadi kwa mtendaji, akarudi na mpya. Ya sasa ni ya ishirini na tisa.

Alhamisi iliyopita tulikwenda Kibara sote wawili ili anikabidhi kazi. Yuliana alipika sato. Hyasinta akapewa kichwa, mimi mkia. Tulipomaliza kunawa, Yuliana alinitazama, kisha akamgeukia mwenzangu: "Sasa dada, ukistaafu wewe, na kesi yangu nayo inastaafuga?"

Hyasinta alichukua faili, akaliweka magotini pangu. Nilitamani nafasi yake miaka thelathini na mmoja, na siku hiyo nilipoipata niliogopa.

Dada Hyasinta, kwa niaba ya ofisi nzima, ahsante. Mungu akujalie afya, usingizi wa kutosha na wajukuu wenye adabu. Barua ya Yuliana inaisha tarehe 14 Agosti, na nauli nimeshatenga. Nakuomba jambo moja tu: siku hiyo usinitangulie Kibara.