Jerolim Stipinović na Februari Iliyotunyang'anya Bwawa

Wasikilizaji wapendwa, karibuni. Punguzeni moto chini ya sufuria na msogee karibu, maana leo tunamkumbuka mtu ambaye baadhi yenu mnamtazama kwa jicho la pembeni hata sasa akiwa kaburini. Namzungumzia Jerolim Stipinović. Wakili. Mwanahistoria. Mwanasiasa. Alifariki wiki iliyopita, mwezi huu wa Februari, akiwa na umri wa miaka sabini na minane. Shikeni hiyo Februari, tutairudia.

Mimi mwenyewe ni mtoto wa Žrnjevo, kijiji chake. Kwetu, jina la Jerolim likitaka kutajwa, mtu alifunga dirisha kwanza. Kwa hiyo sijifanyi kwamba nimekuja na moyo mweupe.

Jerolim alikuwa mtoto wa kwanza wa mkulima wa mizabibu. Mdogo wake ni Vicko, na Vicko mnamjua. Ndiye mkuu wa Udugu wa Mtakatifu Kuzma, wale wanaume wa kanzu nyeupe wanaobeba mishumaa Ijumaa Kuu, na ndio wanaobeba majeneza yetu. Mtu wa Žrnjevo hubebwa na Udugu wa Žrnjevo. Asipobebwa nao, watu wanajua kuna jambo.

Nilimtembelea Vicko juzi. Alinimiminia kikombe, akanisogezea sahani ya tini kavu, akasema kaka yake alizaliwa na shaka.

"Mama akisema supu imeiva, yeye anauliza, nani kaonja? Padre akituhadithia mtakatifu alivyotembea juu ya maji, yeye anauliza, nani alikuwepo? Alipigwa makofi mengi kwa hilo swali. Halikumtoka."

Halikumtoka kweli. Alisomea sheria Zagreb, akarudi, akafungua ofisi juu ya duka la mikate pale bandarini. Mteja anaingia, anasema jirani amesogeza ukuta. Jerolim anauliza, "Ulimwona?" Mteja anasema kila mtu anajua. "Kila mtu hana anwani," Jerolim anajibu, "siwezi kumwita mahakamani. Wewe ulimwona?"

Kiangazi, wenzake wakienda kuogelea, yeye alikwenda mjini Zadar kusoma hati za kale zilizoliwa na mende, na mkate wake na dagaa wa chumvi mfukoni. Huko ndiko alikoandika kitabu chake kuhusu malisho na maji ya kisiwa hiki. Watu walikinunua kutafuta majina ya babu zao. Walipokuta babu zao waliiba mbuzi, wakasema mwandishi amehongwa.

Mwaka wa tisini tulimchagua kuongoza wilaya yetu. Kila mkataba aliusoma kwa sauti kwenye mkutano, mstari kwa mstari. Akifika kipengele cha kumi na nne, nusu ya ukumbi wameshalala. Hakuiba hata msumari. Miaka minne ilipoisha, watu wakaanza kuulizana amevificha wapi alivyoiba.

Sasa tufike kwenye bwawa.

Bwawa liko juu, kati ya Žrnjevo na Podlokva. Mbuzi wetu walikuwa wakinywa pale, na maji ya kunyunyizia mizabibu yalitoka pale. Mwaka wa tisini na saba vijiji viwili vilipelekana mahakamani. Kila kijiji kilikuwa na hati ya zamani, ya enzi Wavenisi, watu wa Venisi ya Italia, walipotutawala. Yetu iliandikwa Februari 1607. Ya Podlokva iliandikwa Agosti 1607. Aliyepewa kwanza ndiye mwenye bwawa. Februari huja kabla ya Agosti, hata mtoto wa chekechea anajua. Na kitabu cha Jerolim kilisema hivyo hivyo, ukurasa mzima, na hakimu alikuwa nacho mezani.

Wakili wetu alikuwa nani? Jerolim.

Siku ya mwisho ya kesi, kondoo wetu alikuwa tayari juu ya mkaa. Baba yangu alikuwa mahakamani, na aliyoyaona aliyasimulia mpaka anakufa. Hakimu anataka kufunga. Jerolim anasimama. Anasema zamani hizo Wavenisi walianza mwaka mwezi wa Machi. Machi, siyo Januari. Kwa hiyo Februari ulikuwa mwezi wa mwisho wa mwaka. Kwa hiyo Februari 1607 ilikuja baada ya Agosti 1607.

Hakimu akamtazama sana. "Bwana wakili, wewe unamtetea nani?"

"Žrnjevo."

"Basi kaa chini."

Hakukaa. Alisema, "Mheshimiwa, unataka kuhukumu kwa kitabu changu, na kitabu changu kina kosa. Nilikosea."

Bwawa likaenda Podlokva. Yule kondoo hakuliwa na mtu kwa furaha.

Na hapo ndipo shaka ilipoanza, wasikilizaji. Maana mke wake, Perina, ni mzaliwa wa Podlokva. Lakini la Perina lilikuwa dogo. Kubwa lilikuwa hili: Jerolim hakosei. Mtu anayeuliza nani kaonja supu, akosee tarehe? Haiwezekani. Basi alijua tangu mwanzo. Basi alinunuliwa. Baba yangu alilisema hilo kama mtu anayepiga hesabu ya kujumlisha, na mimi niliamini.

Ijumaa Kuu iliyofuata Jerolim alikuja kanisani amevaa kanzu yake nyeupe. Vicko alikuwa anagawa mishumaa. Kaka yake alinyoosha mkono. Vicko akampita, akampa mtu wa nyuma. Jerolim alibaki na mkono hewani kidogo, kisha akauingiza kwenye kanzu. Alitembea msafara mzima bila mshumaa. Mwaka uliofuata hakuja.

Mwaka elfu mbili aligombea baraza la mkoa, akashinda kwa kura za Podlokva. Kwetu Žrnjevo alipata kura tatu. Yake, tukahesabu, na ya Perina. Ya tatu je? Ile baridi nzima haikuchezwa briškula kwa amani hapa kijijini. Mtu akitupa karata, mwenzake anamtazama usoni. Nilimsikia mama akimuuliza baba, chini kwa chini, "Si wewe?" Baba hakuongea naye siku mbili.

Ndivyo tulivyoishi, miaka ishirini na saba. Bwawa likajaa na kukauka, tukasahau hata kuchota, lakini Jerolim hatukumsahau.

Wiki iliyopita jeneza lake lilisimama mbele ya kanisa letu. Mwenyewe nilikuwepo. Udugu wa Žrnjevo walisimama kulia, mikono kifuani. Hakuna aliyesogea. Na kule getini walisimama wanaume sita wa Podlokva, wamevaa kanzu zao, wanangoja. Walikuja kwa heshima. Lakini kila mmoja wetu alielewa: hao wakimbeba, basi imethibitika. Ataingia kaburini akiwa mtu wao, na watoto wetu wataambiwa hivyo. Perina alisimama peke yake pembeni mwa jeneza, mkono juu ya ubao. Hakumwomba mtu.

Ndipo Vicko alipovua kofia.

"Kabla ya kesi alinijia shambani," alisema. "Wiki moja kabla. Nilikuwa napogoa. Akaja na kitabu chake, akasema, Vicko, nimekosea, Februari ni ya mwisho. Kaka yangu alilia mbele ya mizabibu kama mtoto aliyevunja sahani. Hakujua. Aligundua siku hiyo hiyo."

Mzee mmoja wa Udugu akauliza, "Na wewe ulimwambia nini?"

"Nilimwambia, kitabu chako nani anasoma? Akasema, hakimu. Nikamwambia, nyamaza, tule kondoo wetu."

"Ulijua. Miaka yote hii."

"Nilijua."

"Na ukatuacha tuseme kanunuliwa?"

Vicko alikuwa anaizungusha kofia mikononi. "Kuwaambia tumeuzwa ilikuwa rahisi. Kuwaambia bwawa halikuwa letu, sikuweza. Naona aibu. Na ile kura ya tatu ilikuwa yangu."

"Acha uongo," akasema bibi Lukre, ambaye ana miaka tisini na hasikii vizuri, lakini hilo alilisikia. "Ya tatu ilikuwa yangu mimi."

Tukageuka wote kumtazama Perina.

"Msinitazame," akasema mjane. "Mimi sikumpigia. Nilitaka akae nyumbani."

Mtu akacheka, kisha akajifanya anakohoa. Wanne wa Žrnjevo wakatoka mstarini. Vicko, na goti lake bovu, akawa wa tano. Mahali pa sita palibaki wazi, na Perina akamwita kwa kidole mpwa wake kutoka getini. Wakambeba.

Msidhani shaka imekwisha. Jioni ile ile nilisikia kwenye baa: "Vicko ni ndugu yake, mlitegemea aseme nini?" Mnajijua.

Kwa mjane Perina, kwa Vicko, na kwa ukoo wote wa Stipinović, poleni sana. Kituo hiki kinaomboleza pamoja nanyi, na mimi naomba radhi kwa niaba ya dirisha la nyumba yetu. Sisi wengine tujiulize lile swali lake kila tunapomsema mtu. Nani alikuwepo?

Jambo moja la mwisho. Udugu una daftari la marehemu, la tangu enzi za hao Wavenisi. Baada ya mazishi Vicko alilifungua, akaandika jina la kaka yake, na tarehe: Februari 2024.

Padre akainama kusoma. "Vicko, umekosea mwaka. Tuko 2025."

"Sikukosea, Padre," Vicko akasema, akifunga daftari. "Machi haijafika."